Benki imetangaza mnada wa nyumba yangu: nifungue shauri wapi?

Swali: "Ndugu Wakili, habari za kazi. Mwaka juzi nilikopa shilingi milioni 150 katika benki binafsi, tawi la Dar es Salaam, nikaweka rehani nyumba yangu iliyopo Morogoro, ambayo mthamini wa benki aliipa thamani ya milioni 240. Biashara ilipoyumba nilichelewesha marejesho. Kwa hesabu zangu nadaiwa milioni 112, lakini benki inadai milioni 139 kwa sababu ilipandisha riba bila kuniandikia. Mke wangu anasema hajawahi kusaini ridhaa yoyote, ingawa benki ina fomu yenye jina lake na sahihi. Wiki hii dalali amebandika tangazo la mnada getini, siku 14. Mmoja ameniambia niende Baraza la Ardhi, mwingine Mahakama ya Biashara, mwingine anasema nianzie Mahakama ya Mwanzo au kwa Mkuu wa Wilaya. Niende wapi?"

Jibu:

Ndugu msomaji, umeuliza swali ambalo wengi hulikumbuka baada ya kesi kufutwa. Mashauri mengi ya namna yako huishia kwenye pingamizi la awali, yaani hoja kwamba aliyepelekewa kesi hana mamlaka ya kuisikiliza, kabla hata hakimu au mwenyekiti hajafungua ukurasa unaoeleza ulichotendewa. Hoja ya mamlaka inaweza kuibuliwa wakati wowote, hata kwenye rufaa, na haiponywi kwa pande zote mbili kukubaliana. Unaweza kushinda, ukakaa na hukumu yako miaka mitatu, kisha Mahakama ya Rufani ikaufuta mwenendo wote kwa sababu ulianzia mahali pasipostahili.

Jibu langu linahusu Tanzania Bara, kwa maelezo uliyonipa. Nalijenga juu ya jambo moja: mahali pa kufungua shauri hapachaguliwi kwa sababu mdaiwa ni benki, wala kwa sababu katika mkataba limetajwa neno nyumba. Panachaguliwa kwa kutazama mambo uliyoyaeleza kwenye hati ya madai na nafuu, yaani amri, unazoiomba mahakama ikupe. Kwa hiyo andika kwanza nafuu zako kwenye karatasi, kisha ndipo utafute anayeweza kukupa.

Kabla ya hapo, hakikisha benki inauza kwa nguvu ipi. Ziko njia mbili, na kila moja ina mlango wake. Njia ya kwanza ni ile ambayo benki hutumia mamlaka ya kuuza yaliyomo kwenye rehani yenyewe, bila kwenda mahakamani. Humpa mkopaji notisi ya kukiuka masharti, siku 60 zikipita bila malipo inamkabidhi dalali kazi, na dalali anatoa tangazo la siku zisizopungua 14. Njia ya pili ni ile ambayo benki ilikwenda mahakamani, ikapata hukumu, na sasa dalali wa mahakama anakazia hukumu hiyo, yaani anaitekeleza. Soma tangazo lililobandikwa getini kwako. Likitaja namba ya shauri na jina la mahakama, uko kwenye njia ya pili, na hapo huruhusiwi kufungua kesi mpya popote. Maswali yote baina ya wahusika wa kesi ile kuhusu utekelezaji wake huamuliwa na mahakama ileile inayokazia hukumu. Mtu ambaye hakuwa mhusika, kwa mfano mke anayesema mali iliyokamatwa ina haki yake, naye hupeleka pingamizi lake la ukamataji hapohapo.

Usiseme kwamba haiwezekani kuwe na hukumu kwa kuwa hukuwahi kuitwa. Madai ya mikopo yenye rehani yanaweza kufunguliwa kwa utaratibu wa muhtasari, ambapo mdaiwa hana haki ya kujitetea mpaka aombe ruhusa, na kwa mkopo wa rehani ruhusa hiyo hutolewa kwa sababu finyu sana, kama vile kuonyesha kwamba mkopo haukuchukuliwa au umekwisha kulipwa. Wito ukibandikwa mlangoni wewe ukiwa safarini, hukumu inaweza kutoka usijue. Nenda masjala, ofisi ya mahakama inayotunza majalada ya kesi, ukaulize.

Tuchukulie, kama maelezo yako yanavyoashiria, kwamba benki inatumia mamlaka ya rehani. Waliokutuma Mahakama ya Mwanzo wamekupoteza. Mahakama za mahakimu, kuanzia ya Mwanzo hadi ya Hakimu Mkazi, hazina mamlaka juu ya migogoro inayotokana na Sheria ya Ardhi, Sura ya 113. Mkuu wa Wilaya anaweza kuita pande mbili zikazungumza, na wakati mwingine mazungumzo hayo huzaa mpango mpya wa marejesho, lakini barua yake haisimamishi mnada na dalali akiendelea hajavunja amri yoyote ya mahakama. Vivyo hivyo malalamiko kwa Benki Kuu ya Tanzania chini ya kanuni za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha: yana maana kubwa kwa suala lako la riba, na ningekushauri uyapeleke baada ya kuilalamikia kwanza benki yenyewe kwa maandishi, ila usiyategemee yakuokolee nyumba ndani ya siku 14.

Wanaobaki ni watatu: Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu kwa shauri la ardhi, na Mahakama Kuu Divisheni ya Biashara. Hapa ndipo nitakapokaa kwa muda.

Tazama malalamiko yako. Yapo mawili, na hayafanani. La kwanza ni la hesabu: riba imepanda bila taarifa, deni si 139 bali ni 112. Likisimama peke yake, hilo ni shauri la mkataba kati ya benki na mteja wake. Nyumba ni dhamana tu, na mgogoro ungekuwa uleule hata kama dhamana ingekuwa lori. Watu wa namna hiyo huambiwa, tena kwa haki, kwamba shauri lao ni la kibiashara na si la ardhi. La pili ni la rehani yenyewe: nyumba ya familia imewekwa dhamana bila ridhaa ya mwenza, na kwa hiyo rehani haina nguvu. Hilo linagusa haki katika ardhi moja kwa moja. Sheria ya Ardhi inataka ridhaa ya mwenza katika rehani ya nyumba ya ndoa, na Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamtambua mwenza asiye na jina kwenye hati kuwa ana maslahi katika nyumba hiyo yanayoweza kulindwa. Nafuu yake ni tamko kwamba rehani ni batili na amri kwamba benki isiuze.

Watu huyachanganya mawili haya kwenye hati moja bila mpangilio, kurasa nane za riba na aya moja ya mke, halafu wanashangaa wakili wa benki anaposimama na kusema kwamba shauri hili ni la biashara lililovishwa nguo za ardhi. Ukitaka lisikilizwe kama shauri la ardhi, ubatili wa rehani na kasoro za notisi viwe ndiyo uti wa madai yako, na suala la hesabu lifuate kama sehemu ya kuonyesha kwamba kiasi kilichotajwa kwenye notisi hakikuwa sahihi. Kama kwa moyo wako unajua mke alisaini na kinachokuuma ni riba, basi usijifiche nyuma yake. Nenda na shauri la hesabu, na hapo Divisheni ya Biashara, iliyoanzishwa mwaka 1999 kwa ajili ya migogoro ya namna hiyo, ina mantiki kuliko baraza la ardhi.

Na hapa nikuulize jambo ambalo hukuliandika. Je, kwenye fomu ya maombi ya mkopo ulijaza nini mahali panapouliza kuhusu mwenza? Mwombaji wa rehani anatakiwa kutamka kwa kiapo au kwa maandishi yenye shahidi kama ana mwenza au hana, na benki iliyopokea tamko hilo huhesabiwa kuwa imetimiza wajibu wake wa kuchunguza. Kutoa tamko la uongo kwa makusudi ni kosa la jinai. Kama uliandika kwamba huna mke, hoja ya ridhaa itakugeukia wewe. Na kama kuna mtu alisaini kwa jina la mkeo, benki itauliza ni nani aliyemleta. Mweleze wakili wako ukweli kabla hajaandika neno la kwanza.

Sasa thamani. Chini ya Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216, kama ilivyorekebishwa mwaka 2018, Baraza la Wilaya husikiliza mashauri ya kurejeshewa mali isiyohamishika ambayo thamani yake haizidi shilingi milioni 300, na mashauri mengine ambayo kinachobishaniwa kinaweza kukadiriwa kwa fedha na hakizidi milioni 200. Yanayozidi hapo ni ya Mahakama Kuu. Watu wengi husoma tarakimu ya kwanza wakafunga kitabu. Nyumba yako ni ya milioni 240: iko chini ya kikomo cha kwanza na juu ya kikomo cha pili. Wewe bado umo ndani ya nyumba, kwa hiyo huombi kurejeshewa kitu. Unaomba tamko na zuio. Wakili makini wa benki atasema kwamba shauri lako ni katika hayo "mengine", kwamba kikomo chake ni milioni 200, na kwamba baraza halina mamlaka. Mwenyekiti anaweza kumkatalia, kwa maana mabaraza mengi hutazama thamani ya ardhi dhidi ya kikomo cha milioni 300. Lakini hoja haifi kwa kukataliwa barazani. Inakusubiri kwenye rufaa.

Kwa upande mwingine, ukienda Mahakama Kuu, benki inaweza kutumia kanuni ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inayotaka shauri lifunguliwe katika mahakama ya ngazi ya chini kabisa yenye uwezo wa kulisikiliza. Pingamizi hilo lipo na usilidharau. Ila ukipima hatari mbili, hazilingani: baraza likivuka kikomo chake, hukumu haipo kabisa kisheria, ilhali kanuni ya ngazi ya chini inahusu kugawa kazi na haiiondolei Mahakama Kuu mamlaka yake ya jumla. Kwa thamani ya milioni 240 na nafuu za aina yako, mimi ningefungua Mahakama Kuu. Mwanasheria mwenzangu anaweza kuchagua baraza kwa sababu gharama yake ni ndogo na liko karibu, na simlaumu, lakini kwenye nyumba niishimo ningechukua njia isiyo na shimo mwishoni. Kama thamani ingekuwa milioni 150, ningekupeleka barazani bila kusita.

Ipo sababu nyingine. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, mabaraza ya kata hayaamui tena migogoro ya ardhi, yanasuluhisha tu, na Baraza la Wilaya halisikilizi shauri linalogusa haki katika ardhi mpaka baraza la kata lithibitishe kwamba usuluhishi umeshindikana, au siku 30 zipite bila kupatanisha. Linganisha siku hizo 30 na zile 14 za dalali. Watu wamefika Baraza la Wilaya bila cheti cha kata, maombi yao yakatupwa, na mnada ukafanyika wakiwa bado wanarudi kata.

Thamani hiyo huthibitishwaje? Hati ya madai lazima iwe na aya inayotaja thamani ya kinachobishaniwa kwa ajili ya mamlaka na ada. Nimeziona hati zinazoandika tu kwamba "thamani iko ndani ya mamlaka ya mahakama hii tukufu", bila tarakimu. Aya ya namna hiyo haisemi kitu. Andika milioni 240, taja kwamba ni kwa mujibu wa ripoti ya mthamini wa benki yenyewe, na uiambatishe. Usijaribu kuipandisha thamani kwa kudai fidia ya jumla ya milioni 500 kwa ajili ya usumbufu, kwani kinachopima mamlaka ni madai mahsusi na si fidia ya jumla ambayo mahakama hujikadiria yenyewe. Na usiweke milioni 139 kuwa ndiyo thamani: deni ni deni, nyumba ni nyumba.

Kuhusu mahali, ni rahisi. Shauri la haki katika ardhi hufunguliwa ardhi ilipo, hata kama mkataba ulisainiwa Dar es Salaam na makao makuu ya benki yako huko. Tangu mwaka 2010 mashauri ya ardhi ya ngazi ya Mahakama Kuu si ya Divisheni ya Ardhi peke yake, kwa hiyo masjala ya Mahakama Kuu Morogoro inakutosha. Pitia pia mkataba wa mkopo uone kama kuna kifungu cha usuluhishi wa kibinafsi mbele ya msuluhishi, kwa sababu benki inaweza kukitumia kuomba kesi isimamishwe.

Umesema benki ni ya binafsi. Hakikisha. Kama Serikali ndiyo mwenye hisa nyingi zaidi ya nusu, mambo hubadilika: notisi ya siku 90 inahitajika kabla ya kushtaki, Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe, na shauri hufunguliwa Mahakama Kuu tu bila kujali thamani. Wanaokwama katikati ya siku hizo 90 huiomba Mahakama Kuu amri ya kulinda hali iliyopo mpaka notisi iishe, maombi ambayo mawakili huyaita Mareva.

Kwako wewe, kufungua kesi hakusimamishi mnada. Kinachosimamisha ni zuio la muda, nalo huombwa pamoja na shauri la msingi, chini ya Amri ya 37 ya Sura ya 33, kwa hati ya dharura inayoeleza tarehe ya mnada. Mahakama itatumia vigezo vilivyozoeleka tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969: kwamba kuna suala la msingi lenye dalili ya kufaulu, kwamba bila zuio utapata hasara isiyofidika, na kwamba madhara kwako yatazidi ya benki. Jiandae kwa kigezo cha pili. Benki itasema kwamba uliipa nyumba yako thamani ya fedha siku ulipoiweka rehani, hivyo hasara yake inafidika kwa fedha, na benki ina uwezo wa kulipa. Hoja ya mke na watoto wanaoishi humo, ambao hawakuiweka rehani, ndiyo yenye uzito mbele ya hoja hiyo. Kuonyesha kwamba unaendelea kulipa kile usichokibishia nako husaidia kuliko maneno mengi. Zuio likitolewa halizidi miezi sita, na linaweza kuongezwa mpaka lisizidi mwaka mmoja kwa jumla, ilimradi uonyeshe kwamba hukuwa umelala. Andika tarehe ya mwisho kwenye kalenda.

Mkeo awe mdai pamoja nawe, au afungue yeye akikuunganisha kama mdaiwa ikiwa maslahi yenu yanapingana. Msifanye ule mchezo wa mume kushindwa kwanza halafu mke kuibuka mwaka unaofuata na kesi mpya mahakama nyingine. Majaji wameuzoea. Wakati huohuo anaweza kuomba kwa Msajili wa Hati tahadhari iwekwe kwenye jalada la kiwanja, ili yeyote anayetaka kununua aione.

Mnada ukipita kabla hujapata amri, usilipeleke shauri lilelile kama lilivyo. Sheria ya Ardhi humlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema, na mara nyingi aliyedhurika na uuzaji wenye kasoro hubaki na fidia dhidi ya aliyeuza. Itabidi mnunuzi na dalali waunganishwe, na nafuu ziandikwe upya. Kama nyumba imeuzwa kwa bei iliyo pungufu kwa asilimia 25 au zaidi ya bei ya nyumba zinazofanana nayo, sheria huchukulia kwamba benki ilikiuka wajibu wake wa kutafuta bei nzuri, mpaka benki yenyewe ithibitishe vinginevyo. Unachodai kikiwa ni tofauti ya bei, tuseme milioni 80, thamani ya shauri imeshuka. Mnunuzi akiwa amekutoa na unadai kurejeshewa nyumba, kile kikomo cha milioni 300 sasa kinakuhusu moja kwa moja. Mwanzo wa hesabu ni uleule, ila jibu linaweza kukurudisha Baraza la Wilaya, na safari hiyo hatua ya baraza la kata hutaikwepa.

Kesho asubuhi mpelekee wakili mkataba wa mkopo, hati ya rehani, notisi ya siku 60 pamoja na bahasha au daftari linaloonyesha siku uliyoipokea, nakala ya fomu ya ridhaa, ripoti ya mthamini, taarifa ya akaunti ya mkopo tangu siku ya kwanza, na picha ya tangazo lililobandikwa getini. Picha hiyo ipigwe leo, kabla mvua au mtu hajalibandua.